Siku Bibi Evelina Aliposhuka Duarani

Ukimkuta Bibi Evelina barazani kwake hapa Katoro, anachambua maharage, hutaamini kwamba aliwahi kuvuka mpaka na jeshi kwenye vita vya Kagera. Alikuwa nesi, msichana mbichi kabisa. Mimi mdomo wangu hauna breki, nimemuuliza mara nyingi ilikuwaje. Hunikatiza palepale: "Mama Noela, tulifunga vidonda. Basi."

Mwaka jana nilijionea mwenyewe, kule machimboni ninakouza wali. Duara la Mihayo, yaani shimo lake la dhahabu, lilititia likamfukia mchimbaji wake, Festo. Wenzake walimfukua mpaka kiunoni, ila jiwe lilikuwa limembana mguu na damu inamwagika. Zahanati iko mbali. Nikapanda bodaboda kumfuata bibi.

Tulipofika, Mihayo akasimama mdomoni mwa shimo. "Shikamoo bibi. Samahani, mwanamke haingii duarani. Dhahabu itakimbia."

Mwiko huo tunaujua sote. Hata mimi chakula chao nakiacha kule kwenye turubai. Lakini siku ile, jamani, nilitamani kumzaba kofi!

"Marahaba," bibi akajibu, huku anavua kandambili. "Dhahabu ikikimbia utaifukuza, baba. Festo akikata roho utamfukuzia wapi?"

Mihayo akasogea, amenuna.

Bibi akajifunga khanga kiunoni, akashika kamba. Akaninong'oneza, "Naogopa, Mama Noela. Na vitani niliogopa kila siku." Kisha akashuka.

Aliufunga mguu kwa kipande cha khanga na kijiti, akakaza mpaka damu ikakata. Udongo ukaanza kudondoka tena. Vijana wakapiga kelele apande juu. Akagoma. Akakishika kichwa cha Festo, anamwongelesha habari za mkewe, mpaka wakalibingirisha lile jiwe. Festo alitoka hai. Anachechemea, lakini anakula wali wangu na kulalamika hauna chumvi.

Duara lile halikutoa kitu tena. Maneno yakazagaa, oh, bibi kafukuza mali. Mihayo akahamia machimbo ya Runzewe, na mimi roho ikawa juu juu, nikihofia atarudi kumlipiza bibi.

Juzi kaja. Nikaacha vyombo, nikakimbilia barazani kwa bibi, tayari kwa ugomvi. Nikamkuta kachuchumaa mbele yake.

"Shikamoo bibi. Nimefungua duara jipya. Nimekuja kuomba, siku mtu akifukiwa nikakuita, uje."

"Marahaba," bibi akasema, mkono uko kwenye maharage. "Nunua kamba nzima. Ile ya kwanza ilikuwa imeoza."