Shingo ya Fundi Cherehani

Mara ya kwanza mama fundi alikuja dukani kwangu kutafuta cherehani kuukuu. Nilimtajia bei ya kichaa. Hakubishana. Aliipindua mashine, akainusa.

"Kaka, hii imetiwa mafuta ya kupikia. Unaiuza au unaikaangia?"

Nikashusha bei nusu nzima, na heshima juu.

Miaka ishirini ya kuinamia sindano ilikuwa imempinda shingo. Alitembea kama mtu aliyeangusha kifungo. Basi vijana wa filamu fupi walipopita wakitafuta mgonjwa wa kwanza wa maradhi yao ya kubuni, nikawapeleka kwake na kuchukua udalali wangu. Katika maradhi hayo, ukimwona mkubwa mwenye tai, shingo yako inainama; anayekutazama naye huambukizwa, mpaka mji mzima unasalimia viatu.

Fundi akaigiza, filamu ikaonyeshwa ukumbini, majirani wakacheka hadi machozi. Kesho yake majirani haohao hawakumpelekea hata suruali ya kupunguza. "Ile shingo si ya kuigiza," wakanong'onezana. Watu wazima, wenye akili zao! Mwisho shule nayo ikasimamisha kazi ya kushona sare iliyokuwa imempa, iliyokuwa imlishe yeye na wanawe mwaka mzima.

Nikamsindikiza kwenye kamati ya shule. Mwenyekiti alikaa mbele, tai imembana koo.

"Mama, hatusemi unaumwa. Tunasema wazazi wana hofu."

"Mlete daktari anipime, baba."

"Haina haja. Au wenzangu mnasemaje?"

Wajumbe tisa, mmoja wao mdogo wake fundi wa tumbo moja, wakainamia karatasi zao. Karatasi zenyewe tupu, nilizichungulia.

"Mdogo wangu," fundi akamwita, "nawe umeniogopa?"

"Dada, kamati ikishaamua…"

"Haijaamua. Inamsubiri huyo akohoe." Akawatazama mmoja mmoja kwa chini, maana ndivyo awezavyo. "Mimi shingo yangu imepindwa na kazi. Zenu je?"

Mwenyekiti akakohoa. Wote wakanyoosha mikono.

Sare akapewa binamu yake mwenyekiti. Kabla muhula haujaisha, watoto walikuwa wanashikilia suruali kwa mkono. Vijana wa filamu walipata tuzo. Fundi alihamia upande wa pili wa mji, anashona mapazia, wala hamsalimii tena mdogo wake. Mimi nilipata udalali wa siku moja, nikapoteza mteja wa miaka. Sindano na uzi ananunua kwa mshindani wangu. Ningekuwa yeye, ningefanya vivyo hivyo.