Njambi Achoma Steki Yamumbi

Njambi alimpikia setla mmoja wa kizungu huko Yamumbi, nje ya Eldoret, tangu mumewe afariki, na katika miaka hiyo yote hakuwahi kuonja steki aliyoichoma kwa mikono yake.

Setla hakupenda moshi wa makaa. Barazani aliweka jiko la gesi lenye wavu mzito wa chuma, na Njambi akajifunza tabia zake. Alingoja wavu ushike moto mpaka tone la maji likidondoka liruke. Aliilaza nyama, nene kama vidole viwili, akaiacha bila kuigusagusa, akaigeuza mara moja tu, kisha akaitoa na kuiacha itulie kabla ya kukatwa. Mabaki yalikuwa ya mbwa. Memsahib, mke wa setla, alisimama mlangoni kuhakikisha yamefika kwa mbwa.

Uhuru ulipokuja, setla aliliuza shamba kwa kampuni ya wananchi, wengi wao watu waliotoka Murang'a na Nyeri kutafuta ardhi. Njambi alikuwa amenunua shea yake, hisa moja ya kampuni, kwa mshahara wa jikoni na ng'ombe wawili alioachiwa na mumewe. Siku ya kuondoka, setla alimwambia achukue lile jiko, maana halingeingia kwenye mizigo ya meli.

Siku ya kugawana shamba, wanachama walichinja fahali. Mpimaji wa serikali alikuwa amekuja kwa siku hiyo moja. Mwenyekiti, Mzee Mburu, alikunja karatasi za namba za ploti, akazitia ndani ya kofia yake. Kisha akamwita Njambi pembeni.

"Mama Wacera, nyinyi akina mama mtachemsha matumbo na kuponda irio za viazi na mahindi. Kuchoma ni kazi ya wanaume. Na namba yako ataokota Waweru."

Waweru alikuwa mdogo wa marehemu mumewe.

"Waweru ana shea?" Njambi akauliza.

"Hana. Lakini ni ndugu ya bwana yako."

"Basi aende amwokotee ndugu yake huko aliko."

Akamwacha Mzee pale. Alikwenda moja kwa moja kwenye nyama, akakata sarara, ile nyama laini ya mgongoni ambayo wazee walikuwa wamejiwekea. Rafiki yake Kavetsa, aliyekuwa mkamuaji wa ng'ombe wa setla, alimsaidia kuburuta jiko mpaka katikati ya uwanja, akaubeba mtungi wa gesi begani. Njambi akafungua gesi, akawasha kiberiti. Moto wa buluu ukaruka chini ya wavu.

Wanaume walicheka. Mafuta yalipoanza kulia kwenye chuma na harufu kuzunguka uwanja, kicheko kikakoma. Waweru akaja mbio.

"Zima hiyo kitu! Unatuaibisha mbele ya watu!"

Njambi aliinua uma mrefu wa kugeuzia nyama. "Guza huo mpira wa gesi, shemeji, uone. Nimemchomea mzungu miaka yote hiyo, hakuna mzee aliyekuja kunikataza. Leo nachoma ng'ombe yangu kwa shamba yangu, ndiyo imekuwa mwiko?"

Waweru akarudi nyuma. Njambi aliitoa steki, akaiacha itulie, akaikata. Kipande cha kwanza alikila amesimama, polepole, akiwatazama. Cha pili alimpa Kavetsa.

Kisha akaiendea meza ya mwenyekiti. Mzee Mburu aliifunika kofia kwa kiganja. Njambi akaivuta kofia kutoka chini ya mkono wake, akarudi nayo mpaka kwenye jiko, akaishikilia juu ya moto.

"Mkono wangu usipoingia humu, hakuna mkono utaingia. Ziungue zote, na mpimaji anarudi mjini leo."

Ukingo wa kofia ulianza kunuka.

"Okota!" Mburu akapiga kelele. "Okota, mama, usiniunguzie kofia!"

Akaokota. Alipata ploti ya chini, karibu na bwawa, yenye mawe mengi na nyoka. Hakulalamika, wala hakuna aliyejitolea kubadilishana naye. Waweru hakumsalimia tena mpaka alipozeeka, na kanisani wanawake wengine walihama benchi akikaa. Njambi alitoa mawe kwa mikono, yeye na binti yake Wacera, wakajenga ukuta kwayo. Gesi ilipokwisha, alichomea kwa kuni juu ya wavu uleule, na kila Krismasi alichoma mwenyewe, mlango wazi.

Miaka ya sabini, hati za mashamba zilipokuja, karani alimuuliza jina.

"Njambi."

"Njambi wa nani?"

"Wa hapa."

Karani aliinua macho, akatabasamu akidhani mama hakuelewa. "Nauliza jina la bwana, mama. Shamba ni la nani?"

"Nimekusikia vizuri," Njambi akasema, akavuta kiti na kukaa. "Na mimi siondoki mpaka uandike vile nimekuambia."

Foleni nyuma yake ilikuwa ndefu na jua lilikuwa kali. Karani aliandika.