Mume wangu aligawa chakula cha jeshi, mimi akaniweka mwisho wa foleni

Wakuu, salamu kutoka Bel-Air, Lubumbashi. Haya yalinipata mimi mwenyewe, bibi yenu, mji huu ukiwa bado unaitwa Élisabethville. Sitaongeza chumvi. Macho yamechoka, kwa hiyo makosa ya kuandika mnisamehe.

Marehemu mume wangu alistaafu akiwa kanali. Chakula, mafuta, magari na mahema ya jeshi, vyote vilipita mikononi mwake. Watu humsifu kwa vyeo. Mimi namsifu kwa jambo moja la kambini, alipokuwa sajenti wa depo, ghala la chakula, chini ya Wabelgiji.

Enzi zile Mwafrika hakuwa ofisa. Sajenti alikuwa mtu mkubwa kwetu, nami bibi harusi nikajiona malkia kidogo.

Sasa, posho iligawiwa Jumamosi. Sisi wake wa askari tulipanga foleni na mabeseni kwa kufuata cheo cha bwana. Mke wa sajenti-meja mbele, wa askari wa kawaida nyuma. Nikaenda kusimama mbele, mahali pangu.

Mume wangu akanishika mkono, akanipeleka nyuma kabisa. Wanawake wote wanaangalia!

Kila Jumamosi ikawa hivyo. Nikimuuliza nyumbani, anakula kimya. (Wanaume wa jeshi mnawajua.)

Halafu mvua ikaharibu reli, behewa la samaki likachelewa. Akagawa waliobaki, kipande kidogo kidogo, wakaishia kwa mwanamke aliyekuwa mbele yangu. Mafuta nayo yalikwisha.

Nilikuwa mjamzito, na mimba ile ilitaka samaki wa chumvi, basi. Akanitilia unga kwenye beseni, akafunga depo.

Nilipika bukari, ugali wetu, na sombe, majani ya muhogo, ya maji matupu bila mafuta wala samaki, huku nalia. Nikafunga nguo zangu kwenye kitenge. Baba yangu alikuwa mtu wa reli, kwake hapakuwa mbali. Niliamua nikishamwekea chakula chake, naondoka. Ndoa imekwisha.

Kumbe huko nje maneno yameshaanza: samaki hawakuisha, sajenti kawaficha kwake. Askari walitaka kwenda kumshtaki kwa kamanda mzungu. Kwa shtaka lile angevuliwa cheo na kutupwa jela, na hakuna ambaye angemsikiliza.

Mke wa sajenti-meja akawazuia. Akasema kwanza wanawake wakaangalie.

Wakajaa mlangoni kwangu.

"Mama, fungula chungu," mke wa sajenti-meja akaniambia.

Nikafungua. Wengine wakatafuta chini ya kitanda, nyuma ya mlango, kila mahali. Hata mwiba wa samaki hawakuuona. Yeye akachota sombe kwa kidole, akaonja, akawageukia wenzake.

"Huyu iko nakula mubaya kupita shiye bote."

Walitoka mmoja mmoja, wananiaga bila kuniangalia usoni. Mashtaka yakafia pale pale.

Mume wangu aliporudi nikamweleza. Akasema:

"Nilijuaka siku moja batakuya kuangalia mu chungu yako. Unisamehe, mama."

Akakiona kile kitenge. Akakaa chini, akakifungua, akaanza kukunja nguo zangu moja moja na kuzirudisha. Hakuniuliza nilikuwa naenda wapi.

Wakuu, hebu fikirieni. Mtu yule aliiona siku hiyo tangu Jumamosi ya kwanza! Nilimwogopa, nikampenda upya, na hasira bado ninayo, maana njaa ilikuwa yangu.

Nilibaki. Kwa miaka yote aliyoshika chakula cha watu, hakuna aliyekuja tena kupekua nyumba yangu.

Nilichojifunza: ukishika cha wengi, wa kwako wale mwisho, na waonekane wakila mwisho.

Ila wenye ndoa humu, nisaidieni. Kwa nini hakuniambia mapema? Nadhani alijua ningekataa.

Na kweli ningekataa. Nyinyi je?