Fundi wa magitaa na mkono ulioshika hewa

Saa nne asubuhi, kabla watazamaji hawajafika, Clive Tranter amepiga magoti kati ya safu za viti vya ukumbi wa sinema mjini Walsall. Anabandua kwa kisu butu peremende iliyogandia kitini. Mgongo unamlalamikia, naye anaujibu kwa matusi ya adabu.

"Aliyetafuna hii ana meno ya farasi," anasema. "Na huyohuyo ndiye atakayekuja kulia kwamba viti vinanata."

Clive ana miaka sabini na mbili. Siku nne kwa wiki anafagia, anakata tiketi na kuwaonyesha wazee wenzake njia ya msalani, kwa pauni kumi na mbili na ushei kwa saa. Siku tatu zilizobaki, anasema, huwa anazungumza na redio.

Wiki hii mlangoni limebandikwa bango la Tallow Lane, bendi ya roki iliyowatoa watu jasho enzi zake. Wamo wakongwe wanne, na nywele chache walizobakiwa nazo zimepeperushwa kwa feni. Bendi ilivunjika mwimbaji na mpiga gitaa walipogombea kiti cha dirishani ndani ya ndege. Wakanuniana karibu miaka ishirini. Mwaka jana wakapatana, wakapiga tamasha moja, likafanywa filamu.

Clive hayumo kwenye bango. Hata zamani hakuwamo. Alikuwa fundi wa magitaa wa Dez Hickin, mpiga gitaa, tangu wote wawili walipokuwa na viuno.

"Kazi yetu unavaa nyeusi, unasimama gizani," anaeleza. "Fundi akionekana, jua kuna kitu kimeharibika."

Dez hakuwa mtu wa kugeuka. Wimbo ukiisha, alivua gitaa na kunyoosha mkono wa kushoto nyuma yake, gizani, bila kutazama. Clive alimtilia kiganjani shingo ya gitaa jingine, lililokwisha kukazwa nyuzi. Basi. Nchi ngapi, majukwaa mangapi, mkono haukuwahi kungoja.

Habari za tamasha la kurudiana Clive alizipata redioni, akimenya viazi. Akapiga pasi shati jeusi, akalitundika mlangoni. Simu haikulia. Tamasha likapita, shati likarudi kabatini.

Kwa hiyo filamu ilipofika kazini kwake, Jasvir Kaur, binti anayeuza tiketi, alimwonea huruma kwa namna yake.

"Mzee Clive, kesho si ujifanye mgonjwa? Nitasema umevunjika nyonga."

"Nyonga yangu usiitaje, wewe. Nitakata tiketi kama kawaida."

Jumatano mchana ukumbi ulijaa robo tatu: vipara, mikia ya mvi, majaketi ya ngozi yasiyofungika tena. Clive alisimama nyuma, karibu na mlango. Alikuwa amejiapiza atazame wimbo mmoja tu, kisha akaoshe vikombe.

Akatazama sita. Wa sita ulipokwisha, Dez alivua gitaa. Mkono wa kushoto ukaenda nyuma, gizani. Vidole vikafumba. Vikashika hewa.

Ukumbi ukacheka na kupiga makofi. Walidhani ni madoido ya mwanamuziki. Kule jukwaani, ndani ya filamu, kijana mmoja akatokea mbio upande wa pili, gitaa mkononi. Lakini kabla ya kulipokea, Dez aligeuka akalitazama lile giza tupu. Alilitazama kitambo. Kisha picha ikahamia kwa mpiga ngoma.

Clive aliitazama tena Alhamisi, na Ijumaa akamvuta Jasvir aje aone.

"Labda alikuwa anajinyoosha tu," Jasvir akasema. "Nyie wazee mnajinyoosha ovyo."

"Mkono ule naujua kuliko mguu wangu."

"Haya. Sasa kama alikuwa anakutaka, kwa nini hakukupigia?"

Mkewe Noreen alipofariki, Clive aliuza nyumba, akahamia chumba kimoja juu ya duka la viatu, akabadilisha na namba ya simu. Hakumwambia mtu. Alisema watakaomhitaji watamtafuta.

"Namba yako mpya anayo nani?" Jasvir akauliza.

"Wewe. Na daktari wa meno."

"Ee Mungu! Mtu kajificha, halafu ananuna kwamba hatafutwi!"

Anapoisimulia habari hiyo, Clive anacheka mpaka anashika ukingo wa kiti. Kisha kicheko kinakwisha, kisu kinabaki mkononi, na ukumbi mzima unasikika ulivyo mkubwa.

Hajui kama Dez alimtafuta. Huenda kampuni ya tamasha ilileta mafundi wake, na hakuna aliyelitaja jina lake. Huenda mkono ulikwenda wenyewe, kwa mazoea, kama ng'ombe anavyorudi zizini. Hilo ndilo linalomnyima usingizi.

Jumapili hii hayuko zamu. Dez siku hizi anafuga kondoo huko Wales, na Jasvir ameshamkatia Clive tiketi ya treni, ya kwenda na kurudi, asije akapata kisingizio.

"Kazi sitaki, nimezeeka," Clive anasema. "Nitamwuliza jambo moja tu: alipofumba vile vidole, alikuwa ananitafuta mimi?"

Jasvir, aliyekuwa akihesabu chenji mlangoni, anainua kichwa. "Na akisema hapana?"

Clive anaibandua peremende ya mwisho, anaitazama, anaitupa ndooni.

"Basi siku hiyo nitakuwa nimekunywa chai na mtu."