Alama Kumi za Viatu

Kesi yetu ilisikilizwa Kwale kwa siku nne, mwaka wa pili wa uhuru, na siku zote nne mkalimani wa mahakama alivua makubadhi yake mlangoni, kama mtu anayeingia nyumbani kwa watu, akayaegemeza ukutani. Akisikiliza, alisugua kidole gumba cha mguu juu ya kingine. Akitafsiri, alitulia kabisa. Hakuongeza neno wala hakupunguza. Hata matusi ya mashahidi aliyatamka kwa sauti ile ile ya upole.

Bi Mejumaa wa Jego alikuwa ametushtaki sisi waamuzi wa mashindano ya ngoma za shule, kwa kuwanyima ushindi watoto aliowafundisha sengenya, ngoma yetu ya Kidigo. Siku ya mwisho hakimu Mzungu aliniuliza kwa nini niliwakata alama kumi. Nilimjibu kwa Kiingereza changu cha chuo kwamba walicheza bila viatu, na huo haukuwa unadhifu. Mkalimani aliitazama miguu yake mitupu, kisha akanitazama mimi, Mdigo wa Msambweni, ambaye mama yangu aliicheza sengenya katika kila harusi ya mtaani na hakuwahi kuingia uwanjani na kiatu.

“Mwalimu,” aliniuliza kwa Kidigo, “nimwambie mama huyu hivyo hivyo?”

Nilivitazama viatu vyangu. Akamgeukia Bi Mejumaa. “Niwie radhi, mama,” alisema, ndipo akatafsiri. Hayo ndiyo maneno pekee niliyomsikia akiongeza, na yalikuwa yangu kuyasema.