Jina la marehemu baba liliitwa mara tatu mahakamani, nami nikanyamaza

Admin, lifiche jina langu, na la kijiji pia. Mimi ni mwanamke wa miaka 33, nina watoto wawili, nimeachika na nimerudi kwa mama huku milimani Mbinga. Matusi yawekeni kando kwanza, mtanitukana mkimaliza kusoma.

Marehemu baba alishtakiwa na kaka yake wa damu, baba mkubwa wangu, kuhusu shamba la kahawa ambamo nyumba yetu imo. Kesi ikavutwa weee, mpaka baba akaugua, na siku chache kabla ya tarehe ya kusikilizwa akafariki. Sasa kwetu ugomvi haumzuii mtu kuzika. Baba mkubwa ndiye mkubwa wa ukoo, hivyo alisimamia msiba wote, akaonyesha kaburi lichimbwe wapi, akalia kuliko sisi. Mama mjane hakuruhusiwa kutoka mpaka matanga yaanuliwe. Akamwambia kwa heshima, "Shemeji, wewe si unakwenda mahakamani? Naomba uwaambie kwamba mwenzio hatunaye tena." Ndiyo, alimtuma mshtaki mwenyewe. Habari ya kifo hupelekwa na mkubwa wa ukoo, ndivyo tulivyolelewa. Akanituma na mimi nimsindikize.

Njiani baba mkubwa akaniambia, "Mwanangu, baba yako hajakuachia hata mche mmoja wa mbuni. Kaka zako watagawana, wewe utabaki kuwapalilia." Iliniuma kwa sababu ni kweli. Baba alitamka mbele ya watu kwamba binti aliyeolewa shamba lake liko kwa mumewe, na nilipoachika hakubadilisha neno, wakati mimi ndiye niliyekuwa namwogesha hajiwezi. Baba mkubwa akaendelea, "Leo kaa kimya tu. Kile kipande cha juu, chenye mibuni inayozaa, kitakuwa chako."

Karani akasimama mlangoni akaita jina la baba mara tatu. Hakimu akauliza mdaiwa yuko wapi. Baba mkubwa, kichwa bado kimenyolewa kwa msiba, akajibu bila kupepesa, "Mheshimiwa, alikuwa anaijua tarehe ya leo." Nilikuwa benchi la nyuma, namsikia vizuri kabisa. Sikufungua mdomo. Kesi ikasikilizwa upande mmoja, baadaye baba yangu akahukumiwa kushindwa akiwa kaburini.

Nilirudi nyumbani nikamdanganya mama, "Kesi imesimamishwa mpaka tumalize msiba." Akasema, "Mungu akubariki mwanangu." Nikala chakula alichonipakulia.

Alikuja kujua kwamba kesi ilishaamuliwa siku dalali wa mahakama alipoleta amri ya kuhama. Mama alikaa chini pale pale uani, hata kulia hakuweza. Sasa ndiye msimamizi wa mirathi, na wakili amemwandikia maombi ili mahakama ileile ipitie upya hukumu yake, maana ilimhukumu mtu aliyekwisha kufa. Cheti cha kifo kipo. Kinachomkwamisha ni kuchelewa. Muda wa kuomba umepita na lazima atoe sababu. Sababu ni mimi, jamani, ila mama anaamini nami nilidanganywa. Wakili anataka niape, nieleze nani aliniambia kesi imesimama.

Baba mkubwa amesikia, akaniita. "Ukinitaja, na mimi namwambia mama yako ulivyonyamaza na nilikuahidi nini." Nikiapa kwamba yeye ndiye aliyenidanganya, nitakuwa nimeshika Biblia na uongo mkononi. Nikisema ukweli, mama atanifukuza na wanangu, na nitamwelewa. Nikikataa kuapa, maombi yanaanguka na mama anatolewa nje uzeeni, aache na kaburi la mumewe huko huko.

Na niumwage ubaya wangu wote, maana hata padri sijamwambia hili: nikikataa, kile kipande cha juu nakipata. Juzi nilikwenda kukitazama. Mibuni imechanua na nikafurahi, Mungu anisamehe.

Jana mama aliongea na wakili kwenye simu nikiwa nimekaa naye jikoni. Akamwambia, "Huyu ndiye shahidi wangu. Wale wa kiume wanaweza kunidanganya, huyu hapana."

Kiapo ni Jumatatu. Nishaurini ndugu zangu, nikishika ile Biblia niseme lipi?