Tamthilia ya Nyuma ya Ukuta

Wiki iliyopita nilirudi kijijini kwetu Ibighi na kamera tatu, magari mawili na tamthilia yangu inayorushwa kila mchana. Mwigizaji anayecheza mkwe wa kike akamfuata baba mkwe wake uani, akampa mkono. Nikapiga kelele, "Kata!" Kijana wa kamera akauliza kosa liko wapi. Ndugu yangu, ningeanzia wapi kumweleza?

Mimi nimejitengeneza mwenyewe. Stashahada yangu ya uongozaji iko kwenye fremu, na sikubebwa na mtu kuipata. Ila kazi yenyewe niliianza nikiwa binti wa miaka tisa, nyumbani kwa babu mzaa baba.

Babu alishika mila za Kinyakyusa. Mke wa mwanawe, kama mama yangu, hakutakiwa kuonana naye uso kwa uso, wala kukaa naye chumba kimoja. Na runinga pekee ilikuwa sebuleni kwake. Kwa hiyo kila mchana babu alikaa kitini, na mama alikaa nje nyuma ya ukuta, akimenya ndizi na kusikiliza tamthilia. Mimi nilisimama dirishani nikimnong'oneza mama yale ya kuonwa tu: "Kaingia. Kavaa nyekundu. Kamgeuzia mgongo." Nikibabaisha, alinirushia ganda. "Kasimama wapi, gwe, we mtoto? Sema vizuri!" Chuo hakikunifundisha zaidi ya hapo.

Ikafika siku ambayo mama wa kwenye tamthilia angemwona bintiye aliyeibiwa akiwa mchanga.

"Hapo watalia tu na muziki," mama alilalamika. "Mimi nitasikia nini?"

Nikapanga mambo. Nilimdanganya babu kwamba fundi cherehani wa Bagamoyo, mtaa wa jirani tu, anamwita akajaribu koti. Akachukua fimbo, akaenda. Mama akavua kandambili mlangoni, akaketi sakafuni karibu kabisa na kioo cha runinga, mikono ikinuka utomvu wa ndizi.

Mlango ulikuwa mmoja tu. Kabla wale wawili wa kwenye tamthilia hawajakutana, nikasikia kikohozi cha babu kwenye migomba. Mama akajitupia kitenge kichwani.

"Umeniua, mwanangu."

Akionekana mle, aibu ingefika hadi kwao Lufingo, na wazee wangeitwa. Nikakimbilia mlangoni.

"Babu, usiingie!"

"Umenituma kwa fundi bure, sasa unanifukuza kwangu?"

Nikauziba mlango kwa mikono. Akatazama chini, akaziona kandambili. Nikasubiri fimbo. Mvua ikaanza, ile yetu isiyotoa taarifa. Babu akatugeuzia mgongo, akarudi hadi kwenye migomba.

"Mwambie huyo mtu amalize."

Ndani mama alikuwa analia, sijui kwa hofu au kwa tamthilia. Bati lilipiga kelele hata muziki ukapotea.

"Gwe!" babu aliita kutoka mvuani. "Wameshaonana?"

"Bado, babu!"

"Wanachelewa nini?"

Ilipokwisha, mama alitoka mbio ameinama. Babu hakugeuka mpaka aliposikia mlango wa jikoni ukifungwa. Akaingia akichuruzika maji, akakaa. Hakunichapa. "Haya," alisema, "nieleze yote."

Aliugua kifua kwa wiki nzima. Uji wake alipika mama, nikaupeleka mimi. Hawakuwahi kusemezana kuhusu siku ile mpaka babu alipofariki.

Leo wakwe hukaa kochi moja na baba mkwe, wakigombea rimoti, na sitaki mama yeyote arudishwe nyuma ya ukuta. Ila nimejaribu mara mbili kuiigiza ile mvua kwenye tamthilia yangu, mimi mwenye stashahada, na mara zote nimeshindwa. Mwigizaji wa mzee nikishamsimamisha kwenye migomba, lazima ageuke kuitafuta kamera.